Mnada wa Maji ya Kijiji: Haki Huanza Kabla ya Nyundo

Shamba lina mpaka. Baba akifariki, watoto wake wajua ni mti gani na ni jiwe gani lililokuwa alama yake. Lakini maji hayana jiwe la mpaka, wala samaki hana habari ya mwenye ziwa. Msomaji akaaye kando ya Tanganyika, ya Kivu au ya Mwero amelijua jambo hili tangu utoto wake. Ndiyo maana katika nchi nyingi watu wamejiuliza swali hili: maji yaliyo mali ya wote, nani apewe ruhusa ya kuyavua, na kwa masharti gani?

Jibu moja ambalo machoni pa watu laonekana kuwa safi ni mnada. Serikali au kijiji chatangaza ya kuwa bwawa fulani litakodishwa. Watu wakusanyika, dalali asimama, bei zatajwa mbele ya wote, na mwenye kutaja bei kubwa apewa haki ya kuvua kwa mwaka mmoja au kwa miaka mitatu. Hapa hakuna upendeleo, husema wanaousifu mnada. Hakuna mjomba wala shemeji. Fedha tu ndiyo yenye kusema, nayo yasema kwa sauti ambayo kila mtu aisikia.

Je, ni kweli? Tusijibu kwa kubahatisha. Iko nchi moja iliyokodisha maji yake kwa mnada muda mrefu sana, ikapata hasara, ikajaribu kujisahihisha mara kwa mara. Mambo yaliyoipata yaweza kutufundisha. Nchi hiyo ni Bangladesh.

Nchi iliyofanyizwa na mito

Bangladesh iko Asia, upande wa mashariki wa Bara Hindi, mahali ambapo mito mikubwa mitatu, Ganges, Brahmaputra na Meghna, hukutana na kuingia baharini. Sehemu kubwa ya nchi ni tambarare iliyofanyizwa na udongo ulioletwa na mito hiyo. Mvua zao kubwa huanza mwezi wa sita na kuendelea hata mwezi wa kumi. Wakati huo mito hufurika, na mashamba mengi hugeuka kuwa maji matupu. Samaki nao hutoka mitoni, huingia katika mashamba yaliyofunikwa, huzaa humo na kunenepa. Maji yakipungua, hukusanyika katika mabonde na madimbwi yasiyokauka, na hapo ndipo mavuno makubwa hupatikana. Watu wa huko husema ya kuwa samaki na wali ndivyo vimfanyavyo mtu kuwa Mbengali.

Maji ya serikali yanayokodishwa kwa ajili ya uvuvi huitwa jalmahal. Yako zaidi ya 10,000 katika nchi nzima. Mengine ni madimbwi madogo ya kijiji kimoja. Mengine ni maziwa ambayo wakati wa mafuriko hufunika maelfu ya hekta, na vijiji vingi hupata humo riziki yao.

Desturi ya kuyatoza kodi ni ya zamani. Mwaka 1793, wakati wa utawala wa Waingereza, nchi ya Bengali iligawanywa chini ya mabwana wa ardhi walioitwa zamindari. Hao walitakiwa kulipa serikali kodi iliyopangwa, nao wakajitafutia fedha kwa wakulima na kwa wavuvi waliokuwa katika eneo lao. Mwaka 1950, nchi ilipokuwa bado sehemu ya Pakistan, sheria ilitolewa ya kuwaondoa mabwana hao, na maji yakaingia mikononi mwa serikali.

Mtu angedhani ya kuwa siku ya wavuvi imefika. Lakini serikali ilihitaji mapato. Ikaendelea kuyakodisha maji kwa mnada, kwa muda wa mwaka mmoja hadi miaka mitatu, ikimpa yule aliyetoa bei kubwa kuliko wengine. Bwana wa zamani akaondoka. Mahali pake akakaa mwenye fedha.

Mlango ulikuwa wazi, lakini nani aliweza kuingia?

Hakuna sheria iliyomkataza mvuvi kuja mnadani. Mlango ulikuwa wazi. Lakini tazama mambo yaliyomngojea mlangoni.

Kwanza, fedha ya kutanguliza. Mnadani kulitakiwa arubuni, na mshindi alipaswa kulipa kodi kabla hajapata hata samaki mmoja. Mvuvi hula leo alichokivua jana. Atapata wapi fedha ya mwaka mzima kwa siku moja? Akienda kukopa, atakutana na mtu aliye tayari kumpa, ambaye huko mkopo wake huitwa dadan. Mkopo huo una sharti: samaki wote wauziwe yule aliyekopesha, kwa bei atakayoisema yeye. Basi hata mvuvi akishinda mnada, ameshinda kwa ajili ya mwingine.

Pili, habari. Tangazo lililobandikwa katika ofisi ya mjini, lenye maneno ya kisheria, halimfikii mtu aliye mtumbwini usiku kucha wala asiyejua kusoma. Anayezipata habari mapema ni yule mwenye rafiki ofisini.

Tatu, hofu. Mtu mkubwa wa mahali pale akiisha kutaja bei yake, ni nani atakayeipandisha, hali anajua ya kuwa kesho atamhitaji kwa mkopo, kwa kazi, au kwa ushahidi mbele ya hakimu? Wahenga wetu walisema: dau la mnyonge haliendi joshi.

Hivyo maji mengi yaliangukia mikononi mwa wafanyabiashara ambao wenyewe hawajapata kutupa wavu. Na wale waliozaliwa kando ya maji hayo, ambao baba zao na babu zao walikuwa wavuvi, wakawa vibarua katika maji yao wenyewe, au wakalipa ushuru wa kila wavu kwa mtu aliyeshinda mnada. Mama wa nyumbani ndiye aliyeliona jambo hili kwanza, maana chungu chake hakikuongezeka kitu ijapokuwa ziwa lilikuwa limejaa.

Bei ndogo mno, na bei kubwa mno

Watu wengi hudhani ya kuwa mnada mwema ni ule uliopata bei kubwa. Tufanye hesabu pamoja, kama mwalimu na wanafunzi wake.

Tuseme kijiji kina bwawa ambalo kwa mwaka hutoa samaki wa faranga 100,000. Nyavu, mitumbwi na mishahara ya watu hugharimu 60,000. Inabaki 40,000. Kijiji kinaweza kudai sehemu ya hiyo 40,000, nayo sehemu nyingine imbakie mpangaji kuwa faida ya jasho na ya hatari yake.

Sasa, usiku kabla ya mnada, matajiri watano wakutana kwa siri. Wapatana ya kuwa wanne watanyamaza na mmoja atataja 10,000. Kesho yake dalali apaza sauti mara tatu, hakuna anayeongeza, nyundo yapigwa. Jioni wale watano wakutana tena na kugawana kile walichokiiba. Mnada ulikuwa wa hadhara, kila mtu aliuona kwa macho yake, na hata hivyo kijiji kimeibiwa mchana kweupe.

Au tuseme kinyume chake. Watu wawili wenye uhasama waja mnadani, kila mmoja akitaka kumwaibisha mwenzake. Mmoja ataja 30,000, mwingine 45,000, hata mmoja ashinda kwa 70,000. Watu wapiga makofi, mweka hazina wa kijiji afurahi. Lakini yule mshindi atairudishaje fedha yake? Bwawa haliwezi kumpa faida hiyo kwa uvuvi wa haki. Basi atatumia nyavu zenye matundu madogo, atavua samaki wenye mayai, na miezi ya mwisho ya mkataba ataleta mashine za kuvuta maji, alikaushe bwawa lote na kuokota hata vifaranga vilivyo matopeni.

Jambo hili si hadithi tu. Huko Bangladesh kuyakausha madimbwi kwa mashine ili kumaliza samaki limekuwa lalamiko la miaka mingi, na sheria ilibidi ilikataze. Sababu yake yaeleweka: mtu aliyepewa maji kwa muda mfupi, asiyejua kama atayapata tena, hana haja ya kuwaachia samaki wa mbegu mtu atakayemfuata.

Basi bei ndogo mno humwibia mwananchi, na bei kubwa mno huyaibia maji yenyewe, yaani huwaibia watoto ambao bado hawajazaliwa. Mnada wa haki hutafuta bei iliyo kweli, wala hauridhiki na bei yoyote kwa sababu tu imetajwa mbele ya watu.

Majaribio ya kuunyosha mti uliopindika

Wabengali hawakukaa kimya. Mwaka 1986 serikali ilianza siasa mpya ya uvuvi: katika maji kadhaa mnada uliachwa, na wavuvi wa kweli wakapewa leseni moja kwa moja. Nia ilikuwa njema. Lakini leseni nayo ilikuwa na ada, na wavuvi wengi hawakuwa na fedha ya kuilipa. Wakarudi kwa wakopeshaji wao wa zamani, na mambo yakawa karibu na yale ya kwanza.

Mwaka 1995 serikali iliondoa ukodishaji katika mito inayotiririka, ikasema ya kuwa kila mtu avue bila kulipa. Hapo tena watu walifurahi upesi. Lakini mali isiyo na mlinzi huchukuliwa na mwenye nguvu. Penye mito mingi watu wenye mabavu waliteka sehemu nzuri, na mvuvi maskini akajikuta amefukuzwa bila hata karatasi ya kulalamikia.

Katika miaka hiyo hiyo ulianza mpango mwingine, wa kuwaunganisha wavuvi wa kila ziwa katika chama chao na kuwapa maji kwa muda mrefu zaidi, hata miaka 10 mahali pengine. Mpango huo uliendelea mpaka mwaka 2007, katika maji zaidi ya 100, ukisaidiwa na mashirika mbalimbali, na Caritas ya Bangladesh ikiwa miongoni mwao. Wavuvi walifundishwa kuweka akiba, kuandika hesabu, kuacha sehemu ya ziwa isivuliwe kabisa ili iwe kimbilio la samaki, na kupumzisha nyavu wakati wa kuzaa. Mtu ajuaye ya kuwa mwaka ujao ziwa litakuwa bado lake, huona ni akili kumwacha samaki mdogo akue. Hata hivyo, baada ya msaada kwisha, vyama vingine vilipokonywa maji yao au vikashindwa kulipa kodi.

Mwishowe, mwaka 2009, ilitolewa siasa mpya ya kukodisha jalmahal, chini ya msemo usemao ya kuwa mwenye wavu ndiye mwenye maji. Mtu binafsi hawezi tena kuyapanga. Hupewa vyama vya ushirika vya wavuvi vilivyoandikishwa, na kile kilicho karibu na maji hutangulizwa. Chama kimoja kisipewe zaidi ya maji mawili. Kuyakodisha tena kwa mtu mwingine ni marufuku. Maji yaliyozidi eka 20 huamuliwa katika ngazi ya wilaya, na yaliyo madogo katika ngazi ya chini yake.

Je, udanganyifu ulikwisha? Haukwisha. Tajiri aliyefungiwa mlango wa mbele alitafuta mlango wa nyuma: aliwapa fedha watu fulani wenye jina la ushirika, nao wakamwombea maji kwa jina lao, yeye akibaki kivulini. Karatasi husema ni chama cha wavuvi; samaki huishia sokoni katika kapu la tajiri yule yule.

Kambodia walioufuta mnada

Huenda msomaji akasema: basi, mnada ufutwe kabisa. Nchi nyingine ya Asia ilifanya hivyo, nayo ni Kambodia. Katikati ya nchi hiyo liko ziwa la Tonle Sap, lenye ajabu kubwa. Wakati wa mvua mto Mekong hujaa kiasi cha kuusukuma nyuma mto utokao ziwani, maji yakageuka na kurudi yalikotoka. Ziwa ambalo wakati wa kiangazi lina eneo la kilometa mraba 2,500 au 3,000 hupanuka kupita 10,000.

Tangu zamani za utawala wa Wafaransa, sehemu bora za ziwa hilo zilikatwa vipande na kunadiwa. Baada ya vita na maangamizi ya miaka ya 1975 hadi 1979, desturi hiyo ilirudishwa katika miaka ya 1980, na vipande vikanadiwa kila baada ya miaka miwili. Mshindi alizungushia sehemu yake nyua ndefu za mianzi na nyavu, akaweka walinzi wenye silaha. Mara nyingi alikikata kipande chake na kukikodisha kwa watu wengine, nao kwa wengine tena, kila mmoja akiongeza faida yake juu. Wa mwisho alilipa kupita kiasi, akavua kupita kiasi. Wanakijiji waliopita karibu na nyua kwa mtumbwi walifukuzwa, na pengine kupigwa risasi.

Mwaka 2000 serikali iliamua kutoa zaidi ya nusu ya eneo la vipande hivyo na kuliachia wananchi, na mwaka 2012 vipande vilivyobaki vilifutwa vyote. Nyua zilianguka. Lakini pamoja nazo alianguka na mlinzi. Katika sehemu nyingi vyama vipya vya wavuvi havikuwa na mashua, wala fedha, wala nguvu za kuwazuia wenye nyavu haramu na wenye kuvua kwa umeme. Kufuta mnada ni kazi ya siku moja. Kuweka ulinzi mahali pake ni kazi ya miaka mingi.

Mambo ya kuuliza kabla ya nyundo

Tumejifunza nini basi? Kwamba nyundo ya dalali haina haki wala dhuluma ndani yake. Haki, au dhuluma, imo katika masharti yaliyowekwa kabla haijainuliwa. Kijiji chochote kinachotaka kukodisha maji yake, hata kama ni bwawa dogo lililochimbwa kwa mikono, na kiulize maswali haya.

Nani aruhusiwa kushindana? Ikiwa maji ni ya kulisha wanakijiji, wavuvi wao watangulizwe, nao wajulikane kwa majina na kwa kazi, si kwa kadi tu.

Habari itawafikiaje watu? Siku, mahali na masharti yatangazwe mapema sokoni, gatini na kila penye mkutano, kwa lugha ya watu wa hapo, kwa mdomo na kwa maandishi.

Bei ya chini ni ipi? Wazee wenye kuyajua maji wakadirie mavuno kwanza. Bei isiyofika hapo ikataliwe, ili njama za usiku zisifaulu. Na penye hofu ya wakubwa, kila mtu aandike bei yake na kuitia katika bahasha iliyofungwa, zote zifunguliwe pamoja mbele ya watu.

Kodi italipwa lini? Ikilipwa kwa mafungu, kila baada ya mavuno, mvuvi maskini anaweza kushindana bila kujifunga kwa mkopeshaji.

Mkataba ni wa muda gani? Uwe mrefu wa kutosha ili mpangaji apende kutunza mbegu, tena uwe na sharti la kuvunjwa akikausha maji, akitumia nyavu zilizokatazwa, au akiyakodisha kwa mwingine.

Jamaa maskini watapata wapi kitoweo? Liachwe eneo, au ziwekwe siku, ambapo mama mwenye kikapu na mtoto mwenye ndoana hawatozwi kitu.

Na fedha yenyewe itakwenda wapi? Isomwe mbele ya watu wote: tumepata kiasi hiki, tumetengeneza kisima kwa kiasi hiki, kimebaki hiki. Mali bila daftari huisha bila habari.

Kwa baba na mama wa jamaa

Pengine mtasema: sisi hatuna ziwa la kunadi. Lakini iko mali nyingine ya watu wote: ushuru wa soko, kinu cha kijiji, kivuko, msitu wa michikichi. Kila inapokodishwa, majaribu ni yale yale: kibaraka anayemfichia tajiri jina, njama za usiku, tangazo lisilosomwa na mtu, fedha isiyo na daftari.

Kidole kimoja hakivunji chawa. Mvuvi mmoja mbele ya tajiri ni mnyonge. Wavuvi 30 walioweka akiba yao kidogo kidogo, wenye mwandishi mwaminifu na wasiouza jina lao kwa mtu wa kivulini, waweza kusimama mnadani na kutaja bei yao bila kutetemeka. Wake zao pia wawe na sauti katika chama hicho, maana mara nyingi ndio wauzao samaki sokoni, nao wajua bei kuliko dalali.

Kwa hiyo, tangazo likibandikwa tena penye ofisi ya mkuu wa kijiji, usilipite kama lisilokuhusu. Simama, lisome mpaka mwisho, au mwombe kijana wako aliye shuleni akusomee. Uliza lile usilolielewa, na uulize mbele ya watu wengine. Fanya hivyo mapema, kabla siku ya mnada haijafika. Maana nyundo ikiisha kupigwa, mtakuwa mmechelewa.